Jinsi ya kujifunza ufunguzi wa Kiitaliano kwenye chesi kwa kufuata waliouendeleza, kuanzia Greco mpaka leo

Mtu akianza chesi siku hizi cha kwanza anatafuta video ya ufunguzi, yani muvu za mwanzo wa mchezo, anakariri muvu kumi na mbili, anaingia mtandaoni kucheza, alafu muvu ya nne tu mpinzani anacheza kitu ambacho kwenye video hakikuwepo, hapo ndo anabaki anaukodolea macho ubao. Kapewa majibu, maswali hajaambiwa. Ufunguzi wowote wa chesi ni mabishano ya watu, mmoja kaleta shambulio, mwingine miaka mingi baadae kapata dawa yake, wa tatu kaja na njia ya kuikwepa ile dawa. Ukiyafuata mabishano hayo toka mwanzo kwa mpangilio wake, muvu zinakaa kichwani zenyewe maana unajua kila moja ilikuja kumjibu nani. Huu mwongozo nimeupanga hivo, na nimechukua ufunguzi mmoja tu, wa Kiitaliano, kwa sababu ni wa zamani sana, mtu anayeanza anauweza, na mpaka leo wakubwa kabisa wa dunia wanaucheza.

Unachohitaji ni ubao wa kweli na kete zake (wa plastiki wa bei ndogo unatosha kabisa), daftari na kalamu, na simu yenye akaunti ya Lichess, tovuti ya kuchezea chesi ambayo ni bure yote, hakuna cha kulipia. Ubao wa kweli nausisitiza. Kwenye simu vidole vinakimbia kuliko akili, kwenye ubao unagusa kete, unairudisha, unaiangalia tena, na hapo ndo unajifunza.

Hatua ya 1: ujue kuusoma ubao

Kama unajua tayari ruka hapa. Mistari ya kusimama inaitwa kwa herufi a mpaka h kutoka kushoto kwa anayecheza nyeupe, ya kulala ni namba 1 mpaka 8 kuanzia upande wake huyo mweupe. Chumba cha kona ya kushoto ya mweupe ni a1, na lazima kiwe cheusi, kikiwa cheupe ubao umeuweka vibaya. Malkia mweupe anakaa d1, mfalme e1, maaskofu c1 na f1, farasi b1 na g1, ngome a1 na h1. Mweusi vivyo hivyo upande wa pili, malkia d8 na mfalme e8. Nikisema "askari e4" namaanisha askari anaenda chumba cha e4. Nikisema "kumficha mfalme" namaanisha ile muvu ya pekee ambapo mfalme anasogea vyumba viwili pembeni na ngome inamruka inakaa upande wake wa pili.

Na wewe uliyekulia kwenye drafti, sikiliza, huku kula sio lazima. Najua mkono umezoea kwamba kete ikikaa vibaya unaila, la sivyo unatozwa, lakini kwenye chesi kete ya bure mara nyingi ni chambo na utaona hapo chini jinsi watu walivyokufa kwa kula.

Hatua ya 2: elewa kwanini f7

Panga ubao ucheze hivi: mweupe askari e4, mweusi askari e5. Mweupe farasi f3 (anamtishia askari wa e5), mweusi farasi c6 (anamlinda). Mweupe askofu c4. Huo ndo ufunguzi wa Kiitaliano, umeisha, hizo tatu tu. Sasa angalia yule askofu wa c4 anaangalia wapi, fuata mshazari wake: d5, e6, f7. Chumba cha f7 mwanzoni mwa mchezo kinalindwa na mfalme peke yake, hakuna kete nyingine ya mweusi inayokigusa. Kwa mweupe chumba kama hicho ni f2. Ukielewa hilo moja, nusu ya ufunguzi huu umeshaupata.

Hii haikuwa hivi zamani. Sataranji ya kale, ile iliyochezwa Baghdad enzi za Abbasi na mabingwa kama al-Adli na as-Suli, kete inayosimama pale alipo malkia leo ilikuwa inaenda chumba kimoja tu kwa mshazari, na ile ya mahali pa askofu ilikuwa inaruka viwili basi. Mchezo ulikuwa wa pole pole, wachezaji walikuwa na mipangilio yao ya mwanzo wanaijua kwa kichwa wanaipanga kila mtu upande wake kabla hawajagusana. Mwishoni mwa karne ya 15, huko Hispania na Italia, kanuni zikabadilika, malkia akapewa nguvu ya kwenda popote na askofu akapewa mshazari wote. Ghafla mtu anaweza kufa ndani ya muvu nne. Ndo maana vitabu vya ufunguzi vikaanza kutoka muda ule ule: Lucena alichapisha chake Salamanca mwaka 1497, Damiano, mfamasia Mreno, akachapisha chake Roma mwaka 1512. Watu walikuwa wanahitaji kujua jinsi ya kutokufa mapema.

Kabla hujaendelea, jifunze kujikinga na ile ya kitoto ambayo kila anayeanza anachezewa: mweupe e4, askofu c4, malkia h5, alafu malkia anakula f7 na chekimeti, yani mfalme katishiwa na hana pa kutokea, mchezo umeisha. Mpinzani akikuletea malkia h5, hakikisha kwanza e5 yako inalindwa na farasi wa c6, la sivyo malkia atamla askari wa e5 na cheki, alafu ndo cheza askari g6, unamfukuza malkia na f7 imezibwa kwa mpigo mmoja. Akirudi f3 anatishia tena f7, unatoa farasi f6. Kwisha, na malkia wake kashapoteza muda anatembea tembea wakati we unatoa kete zako.

Hatua ya 3: cheza michezo ya Greco kwa mkono wako

Gioachino Greco alikuwa Mtaliano wa Calabria, alizaliwa karibu na mwaka 1600, akazunguka Roma, Paris, London, akiishi kwa chesi, na matajiri waliompokea aliwaandikia madaftari ya michezo. Michezo ile mingi inaonekana ameitunga mwenyewe kufundishia, mpinzani anakosea pale pale anapotaka Greco akosee. Ndo uzuri wake sasa kwa mwanafunzi, manake makosa yale ndo haya haya utakayofanyiwa wewe leo na mtu wa reting (alama za uwezo wa mchezaji) ya 900.

Endelea kutoka pale tulipofika. Mweusi naye anatoa askofu c5. Sasa mweupe anacheza askari c3, na usiharakishe hapa, jiulize c3 ya nini. Anataka kucheza d4 kwa askari, na mweusi akimla, amle tena kwa yule wa c3 ili abaki na askari wawili katikati, d4 na e4. Mweusi anatoa farasi f6 anatishia e4. Mweupe askari d4, mweusi anakula, mweupe anakula kwa c, askofu wa c5 katishiwa inabidi akimbie, anakimbilia b4 akimpa mfalme cheki, yani anamtishia mfalme mwenyewe.

Hapa ndo Greco anatoa farasi c3 na kuacha askari wake wa e4 aliwe bure. Mweusi anamla kwa farasi. Mweupe anamficha mfalme upande mfupi, ule wa ngome ya h1, hajali. Mweusi anakula farasi wa c3 kwa farasi, mweupe anarudisha kwa askari wa b, mweusi anakula tena yule askari wa c3 kwa askofu na sasa katishia ngome ya a1. Hesabu kete, mweusi kashiba. Mweupe anacheza malkia b3, mweusi anakula ngome ya a1, kashiba zaidi, na malkia na askofu wa mweupe wote wanaangalia f7. Askofu anakula f7, mfalme anaenda f8, askofu wa pili anatoka g5 kumtishia malkia, farasi mweusi anarudi e7 kuziba, farasi mweupe anaruka e5, na kuanzia hapo mfalme mweusi hana pa kwenda. Angalia kete za mweusi zilizobaki nyumbani, askofu wa c8 hajatoka, ngome zote mbili hazijatoka. Kashiba lakini jeshi limelala.

Panga huo mchezo ubaoni mara nyingi mpaka uwe unaucheza bila kuangalia popote. Alafu ndo utafute dawa: mweusi aliharibu wapi? Aliharibu alipoendelea kula pale c3 kwa askofu, alitakiwa acheze askari d5, anamzuia askofu wa c4 na anafungua njia ya kete zake. Hata kabla ya hapo angeweza kumla farasi wa c3 kwa askofu badala ya farasi na mambo yangekuwa mazuri kwake, ndo wanavyofanya leo. Mtu akikuchezea hivo usitafute ushindi wa haraka tena, utacheza mchezo wa kawaida.

Hatua ya 4: mchezo wa Morphy kwenye opera, muvu 17

Kama kuna mchezo mmoja kila mtu anayejifunza chesi anatakiwa aujue kwa moyo ni huu. Paul Morphy alizaliwa New Orleans mwaka 1837, mwaka 1857 akachukua ubingwa wa kongamano la kwanza la chesi la Marekani, mwaka uliofuata akaenda Ulaya na kuwapiga karibu wote waliokubali kukaa nae, mpaka Adolf Anderssen wa Ujerumani ambaye alionwa kuwa mkali wa dunia, alimfunga 7 akafungwa 2 na sare 2. Umri miaka 21! Huko Paris mwaka 1858 Duke wa Brunswick na Count Isouard walimwalika opera, wakacheza nae humo humo kwenye kibanda chao wakati waimbaji wanaimba, wao wawili wanashauriana, yeye peke yake.

Sio Kiitaliano kamili huu, mweusi hakutoa farasi c6, alicheza askari d6, lakini askofu anakuja c4 na f7 ni ile ile, na kwa wewe unayeanza hii d6 utaiona sana. Weka ubaoni.

E4, e5. Farasi f3, askari d6. Askari d4, mweusi anatoa askofu g4 kumbana yule farasi. Mweupe anamla askari wa e5. Mweusi hawezi kurudisha moja kwa moja, kwa hiyo inabidi amle farasi kwanza kwa askofu, malkia mweupe anarudisha f3, na mweusi anakula e5. Ona kilichotokea, askofu wa mweusi aliyekuwa ameshatoka hayupo tena ubaoni, na malkia wa mweupe katoka bila kupoteza muda. Askofu c4, tishio la f7. Farasi f6 anaziba. Malkia b3! Sasa anatishia f7 na b7 kwa pamoja. Mweusi malkia e7 analinda f7, lakini malkia huyo kamzibia njia askofu wake mwenyewe wa f8, mkumbuke huyo askofu.

Morphy angeweza kula b7 akawa mbele kwa askari. Mweusi angempa cheki kwa malkia pale b4, malkia wote wawili wangetoka ubaoni, na mchezo ungeendelea muvu arobaini mpaka ashinde. Hakutaka. Alitoa farasi c3. Mweusi c6. Askofu g5, farasi wa f6 kabanwa, akisogea malkia analiwa. Mweusi anacheza askari b5 kumfukuza askofu wa c4, na hapo kafanya kosa la watu wote wanaosukuma askari wakati kete zao zimelala. Farasi anakula b5, askari anamla farasi, askofu anakula b5 na cheki. Mweusi anaziba kwa farasi wa b8 pale d7. Morphy anamficha mfalme upande mrefu, ngome inatua d1 ikimwangalia yule farasi wa d7. Mweusi ngome d8 analinda. Ngome inakula d7, ngome inakula ngome, na ngome ya pili ya Morphy, ile ya h1, inakuja d1. Yani kete zake zote sasa zinafanya kazi, hata moja haijabaki nyumbani.

Mweusi malkia e6, anataka wabadilishane malkia. Askofu anakula d7 cheki, farasi anarudisha. Na sasa malkia b8 cheki, anamtoa malkia bure kabisa, farasi wa d7 lazima amle maana mfalme hana njia nyingine, na farasi akishaondoka d7 ngome inashuka d8, chekimeti. Askofu wa g5 anailinda. Mwisho wa mchezo Morphy amebaki na ngome moja na askofu mmoja, basi, mweusi ana malkia, ngome, askofu na farasi. Yule askofu wa f8 na ngome ya h8 hawajasogea hata mara moja toka mchezo uanze.

Zoezi lako: ucheze mchezo huu, na kila muvu ya Morphy uandike kwenye daftari imetoa kete gani mpya au imetishia nini. Hutakuta hata moja ambayo haijafanya mojawapo. Bobby Fischer, ambae ni wa karne nyingine kabisa, mwaka 1964 alipotoa orodha yake ya wachezaji kumi wakubwa wa historia alimuweka Morphy humo, na ukishaucheza mchezo huu kwa daftari utaelewa bila kuambiwa.

Mtego wa Légal, na sharti lake

Hii naiweka hapa kwa sababu inatokana na d6 hiyo hiyo. Sire de Légal alikuwa mwalimu wa Philidor, Mfaransa mwanamuziki aliyekuwa mkali wa karne ya 18, na mtego wenyewe unafundishwa vibaya kila mahali. Unakuwa hivi: e4 e5, farasi f3, farasi c6, askofu c4, d6, farasi c3, mweusi askofu g4. Watu wanaambiwa hapo hapo ule e5 kwa farasi, umwache malkia aliwe. Usifanye, farasi wa c6 anamla farasi wako na malkia wako bado katishiwa, umepoteza kete. Kwanza cheza askari h3. Akirudi askofu h5, SASA kula e5. Akimla malkia, askofu anakula f7 cheki, mfalme e7, farasi d5 chekimeti. Akiwa mjanja akala farasi wa e5 kwa farasi, malkia wako anakula askofu wa h5 kwa sababu h5 haina mlinzi, akila askofu wako wa c4 unampa cheki kwa malkia pale b5 unamla farasi wa c4, umebaki mbele askari mmoja. Tofauti ya kushinda na kufa ni ile h3.

Hatua ya 5: jikinge na farasi g5

Mara nyingi mweusi kwenye muvu ya tatu hatoi askofu c5, anatoa farasi f6. Hapo mweupe anaweza kuruka farasi g5, wawili wanaangalia f7, na mweusi hawezi kuilinda kwa kete. Wataliano wa mwishoni mwa karne ya 16, Polerio akiwemo, walikuwa wanaijua vizuri. Ukiwa mweusi jibu ni askari d5 kuziba mshazari. Mweupe anakula d5. Na hapa mkono wako utataka kurudisha kwa farasi, tulia, ukirudisha farasi wake anakula f7, mfalme wako analazimika kumla, malkia f3 cheki, na ili usimpoteze farasi wa d5 inabidi mfalme apande e6 katikati ya ubao na malkia bado wapo. Wapo wanaojua kuitetea hiyo, anayeanza asijaribu.

Cheza farasi a5, unamtishia yule askofu wa c4. Atakupa cheki b5, unaziba kwa askari c6, anakula, unakula kwa b, askofu wake anakimbia. We uko nyuma askari mmoja lakini kete zako zinatoka kwa kasi, unamfukuza farasi wa g5 kwa h6, anarudi f3, unasukuma e4 anakimbia tena. Askari mmoja kwa muda wote huo ni bei nzuri.

Hatua ya 6: gambiti (ufunguzi wa kutoa kete kwa makusudi) ya Evans, ukishapata moyo

William Davies Evans alikuwa nahodha wa meli, mtu wa Wales, meli yake ya barua ilikuwa inakwenda Milford Haven na Waterford ng'ambo kule Ireland, na miaka ya 1820 akaja na wazo: baada ya askofu c5, badala ya c3 moja kwa moja, mpe mweusi askari bure kwa b4. Askofu akimla, sasa c3 inamtishia huyo askofu, umepata c3 na muda juu yake, na d4 inafuata. Karne ya 19 yote walikufa nayo. Anderssen mwaka 1852 Berlin alimfunga Dufresne kwa ufunguzi huu kwenye mmoja wa michezo inayosifiwa kuliko yote. Baadae Emanuel Lasker, aliyekaa na ubingwa wa dunia miaka 27, akaonyesha kwamba mweusi akimrudisha askari kwa wakati wake anapata mchezo mzuri wa utulivu, na gambiti ikawekwa kabatini. Mpaka Riga mwaka 1995, Garry Kasparov akaitoa dhidi ya Viswanathan Anand na kumfunga kwa muvu 25. Kwa hiyo akikuambia mtu ufunguzi fulani umekufa, usimkubalie haraka.

Hatua ya 7: jifunze ile ya pole pole

Ukifika reting ambayo watu wanajua kujikinga, mashambulizi ya Greco yanaanza kukwama. Hapo unabadilisha kitu kimoja, badala ya askari d4 unacheza d3. e4 e5, farasi f3 farasi c6, askofu c4 askofu c5, c3 farasi f6, d3 d6. Alafu ficha mfalme. Ndo hii wanayocheza wakubwa wa leo, na sababu yake ni ya kihistoria pia. Mwaka 2000 London Kasparov alikuwa anatetea ubingwa dhidi ya Vladimir Kramnik, mara nyingi akicheza ule ufunguzi wa Kihispania, wa askofu b5, Kramnik anajibu farasi f6, ulinzi wa Berlin, malkia wanatoka mapema na Kasparov hakuweza kuuvunja. Hakushinda hata mchezo mmoja kwenye pambano lile na ubingwa ukaondoka. Baada ya hapo wengi wakaanza kutafuta njia nyingine ya kucheza e4 bila kukutana na Berlin, na wakaikuta hii ya Wataliano inawasubiri.

Mpango wako kwenye hii ni huu: askofu wa c4 unamrudisha b3 kabla hajatishiwa na farasi a5 (na akitishiwa b3 ana c2 ya kukimbilia, ndo kazi nyingine ya c3). Farasi wa b1 anaenda d2, f1, alafu g3, safari ndefu lakini inawezekana kwa sababu katikati pamefungwa, ngome inakaa e1 ili f1 iwe wazi. Ukiwa tayari kabisa ndo unasukuma d4. Angalizo moja, ukitoa ngome f1 kwenda e1 mapema, chumba cha f2 kinabaki na mfalme tu, na mweusi anaweza kuruka farasi g4 akisaidiana na askofu wa c5. Jibu lipo, ngome e2 alafu h3 unamfukuza, lakini kama unaanza cheza h3 kwanza ndo ngome ifuate, utalala usingizi.

Hatua ya 8: ukiwa mweusi

Mpinzani akianza e4, jibu e5, yote uliyojifunza yanafanya kazi kwa upande wa pili. Akianza d4 mjibu d5, akicheza c4 usile, weka askari e6, farasi f6, askofu e7, ficha mfalme. Usione ni ya kizamani, pambano la ubingwa la mwaka 1927 Buenos Aires kati ya Capablanca na Alekhine lilikuwa la michezo 34, na 32 kati ya hiyo ilichezwa kwa mpangilio huu.

Hatua ya 9: jinsi ya kufanya mazoezi

Cheza michezo yenye muda, dakika 15 kwa kila mtu sio chini ya hapo, hii ya dakika moja moja haifundishi ufunguzi. Baada ya kila mchezo kabla hujawasha injini, yani programu ya kuchambua muvu, chukua daftari uandike muvu uliyotoka kwenye njia unayoijua, na aliyetoka ni nani, wewe au yeye. Kama ni yeye, jiulize kwanza mwenyewe muvu yake imeacha nini bila ulinzi. Alafu ndo fungua sehemu ya kuchambua kwenye Lichess, kuna injini ya Stockfish humo na kuna kitabu cha ufunguzi kinachokuonyesha wakubwa walijibu nini kwenye hali ile ile na walishinda kwa kiasi gani. Soma jibu moja tu, liandike, funga. Ukijaza kurasa kwa siku moja kesho hukumbuki kitu.

Na ukishauzoea huu kiasi kwamba unajua la kufanya hata mpinzani akicheza kitu hujawahi kukiona, ongeza wa Kihispania, muvu mbili za kwanza ni zile zile, ya tatu tu askofu anaenda b5 badala ya c4 kumtishia farasi anayemlinda e5. Unaitwa kwa jina la padri Ruy López wa Zafra, kitabu chake kilitoka mwaka 1561, na utaanza nao kwa swali lile lile la hatua ya pili: huyu askofu anaangalia wapi?